Mwaka Niliokuwa Bubu Mtaani

Tulimzika Mzee Ramadhani siku ya Jumanne baada ya sala ya adhuhuri. Watu waliporudi kutoka makaburini walikaa uani kwake, mtaa wa Malvern, wanaume kwenye viti vya plastiki, sisi wanawake kwenye mikeka na mito ya makochi iliyoletwa nje. Wajukuu zake walikuwa wakipitisha chai. Kiswahili wanakisikia, lakini hujibu kwa Kizulu au Kiingereza, na mmoja wao, msichana wa miaka kama kumi na saba, akaniinamia na sinia mkononi akaniuliza kama ni kweli babu yake alifika mji huu hajui hata neno moja la Kizulu. Nikamwambia ni kweli. Hakuamini. Babu anayemjua yeye alikuwa mtu wa kubishana na mafundi bomba kwa Kizulu, wa kuwachekesha wanawake kwenye foleni ya kliniki. Nikaanza kumweleza, wageni wengine wakaingia, akaenda kuwapa chai. Ninayoandika hapa ndiyo niliyotaka kumwambia, na yamo mengine ambayo nisingemwambia, kwa sababu hayamhusu babu yake bali shangazi yangu na mimi.

Habari za kwetu Uvira na za njia tuliyopita kuja huku nitaziacha. Inatosha kusema kwamba mwaka 2008 nilikuwa na miaka ishirini na miwili, nashona nguo katika duka la Mzee Ramadhani kwenye barabara ya Jules, na naishi na shangazi yangu Beatrisi, ambaye kwa desturi ya watu wa kwetu tulimwita Tantine. Tulipanga chumba cha uani kwa MaKhumalo, mjane aliyekuwa amestaafu kazi ya uuguzi. Chumba cha pili cha uani alikaa Mzee Ramadhani mwenyewe, Mrundi wa Buyenzi, mwislamu, miaka hamsini na minane, ambaye mkewe na watoto walikuwa bado hawajamfuata. Jiko letu lilikuwa moja, la nje, lenye paa la bati na meza ndefu, na harufu ya ndagala, yaani dagaa, tuliowakaanga humo ilimfanya MaKhumalo afunge madirisha yake yote. Hakuwahi kutukataza. Alifunga tu, moja baada ya jingine, tukisikia komeo zikigonga, kisha Mzee Ramadhani akasema, "Mama ametusalimia."

Mwezi wa tano habari za wageni kupigwa na kufukuzwa zilianzia mtaa wa Alexandra, tukazisikia kwenye redio ya MaKhumalo kama habari za mbali. Baada ya siku chache zilikuwa kwetu. Asubuhi moja tuliona wenye maduka wa upande wa pili wakishusha milango ya chuma saa ambayo ilikuwa ya kuifungua, na Mzee akazima pasi, akachukua mkasi wake mkubwa na daftari la vipimo, akaniambia, "Twende, mwanangu, usikimbie, tembea." Tulitembea kwa vichochoro vya nyuma mpaka nyumbani. Duka lilivunjwa kabla ya adhuhuri. Wakachukua cherehani mbili na vitenge vyote, wakaiacha ile ya tatu, ya chuma cha zamani, nadhani kwa uzito wake tu.

MaKhumalo alituingiza watu watatu katika chumba chake cha kulia, ambamo hatukuwahi kukanyaga. Nakikumbuka kuliko vyumba vingi nilivyolala. Palikuwa na kabati la vioo lenye sahani ambazo hazijawahi kuliwa, picha ya marehemu mumewe akiwa amevaa kofia, na kitambaa cha plastiki chenye maua juu ya meza. Alasiri wakaja vijana getini. Tulisikia geti likitikiswa, kisha sauti zao, kisha sauti yake. Hakupaza sauti. Aliongea sana, kwa mwendo uleule mmoja, kama anayemwelekeza mtu njia. Tantine alikuwa amenishika kiganja, akisali bila kutoa sauti. Mzee Ramadhani alikuwa ameinua uso akiangalia dari, kama mtu anayehesabu. Kisha tukasikia mmoja wao akicheka kicheko kifupi cha aibu, na miguu ikaondoka.

Alipoingia aliweka maji ya chai motoni. Mzee Ramadhani akamwuliza kwa Kiingereza chake cha kuokoteza aliwaambia nini. "Eish, Baba," akasema, "yule mrefu nilimtibu kifua akiwa na miaka tisa. Nimemwuliza kama bado anakohoa. Nimemwuliza pia kama mama yake anajua yuko wapi. Mengine ni maneno tu." Tukanywa chai. Lakini Mzee hakutulia. Siku tatu tulizokaa ndani mle alirudia jambo hilohilo kwangu na kwa Tantine: "Maisha yangu yamejadiliwa pale getini, wakafikia uamuzi, na mimi niliyejadiliwa sikuelewa hata neno moja." Hakusema kwa uchungu. Alisema kama mtu aliyegundua kosa katika kipimo, la kwake mwenyewe, ambalo lingeweza kurekebishwa.

Kila mmoja wetu alitafuta namna yake ya kuishi baada ya hapo. Ya Tantine ilikuwa kunyamaza na kungoja. Faili letu la wakimbizi, la kupelekwa kuishi nchi ya tatu, lilikuwa wazi tangu mwaka 2006, na yeye aliishi kama abiria. Hakununua chochote kisichoingia kwenye sanduku. Akaweka sheria mpya: "Barabarani hapana kufungua kinywa. Ukiongea, wanakujua. Usipoongea, wewe ni binti mweusi kama wengine." Tulikuwa tumesikia kwamba vijana waliwasimamisha watu na kuwataka wataje kwa Kizulu kiwiko cha mkono, neno ambalo mgeni halijui. Tantine akanituma kwa MaKhumalo nikaulize neno hilo, tujifunze hilo moja litusaidie.

MaKhumalo alikuwa anachambua mboga za majani. Hakuinua kichwa. "Neno moja sifundishi," akasema. "Neno moja ni kujificha. Ukitaka kuongea na watu nitakufundisha, njoo Jumapili baada ya kanisa. Ukitaka neno, kaulize wengine." Nikarudi mikono mitupu. Tantine akasema mama huyu ana kiburi. Mzee Ramadhani, aliyekuwa anapiga kiatu rangi mlangoni pake, akauliza, "Jumapili saa ngapi?"

Ndivyo masomo yalivyoanza, kwenye meza ya jikoni, kati ya saa nane na saa kumi, jua la baridi likiingia upande mmoja. Mzee alileta lile daftari la vipimo na kuandika kuanzia ukurasa wa nyuma. Wiki ya pili alishika kichwa kwa mikono miwili. Alikuwa amegundua kwamba mtu ni umuntu, nyama ni inyama, na ndege wa angani ni inyoni, sawasawa na Kirundi alichonyonya kwa mama yake. "Mama," akamwambia MaKhumalo, "maneno haya nimeyaleta mwenyewe, nilikuwa nayo mfukoni." MaKhumalo akamwuliza jinsi ya kuhesabu kwa Kirundi, na saa nzima iliyobaki mwalimu ndiye aliyekuwa mwanafunzi. Zile sauti za kugongesha ulimi zilimshinda miezi. Neno la yai lilimtesa mno. Duka lilipofunguliwa tena alilifanyia mazoezi akipiga pasi, tok, tok, hata wateja wakadhani pasi imeharibika. Mtu wa umri wake, aliyekuwa fundi anayeheshimiwa Bujumbura, akawa anachekwa kila Jumapili na kujicheka mwenyewe. Mimi nilikuwa nikimtazama na kushangaa kwamba hakupungukiwa na kitu.

Tantine hakuja mezani. Alibaki chumbani, pazia limeshushwa, akisuka nywele za mteja au akisoma Biblia yake ya Kifaransa. Nilipomwuliza, alinijibu jibu ambalo leo naliheshimu kuliko nilivyoliheshimu wakati ule. "Nimejifunza Kifulero kwa mama, Kiswahili sokoni, Kifaransa kwa masista, Lingala juu ya maaskari. Kila luga nimejifunza, nimefukuzwa nayo. Miye sitaki ingine. Ile ya kule niendako, hiyo nitajifunza."

Mimi nilikaa katikati. Jumapili nilikaa mezani na Mzee, nikajifunza kuliko yeye maana nilikuwa kijana. Siku nyingine sita nilitii sheria ya Tantine, nikawa bubu. Mwanzoni nilidhani itakuwa wiki mbili. Ikawa karibu miezi minne. Dukani nilifanya kazi nyuma, Mzee aliongea na wateja. Kwenye spaza, kile kiduka cha kona ya mtaa wetu, nilionyesha kwa kidole, mkate, maziwa, nikainama kidogo kushukuru. Mama mwenye spaza akaamini kwamba sisikii. Akaanza kuniongelesha kwa ishara, kwa upole sana, na mara nyingine alinitilia peremende kwenye mfuko na kunigusa shavu. Niliona aibu, nikafikiri kwenda spaza nyingine, lakini kubadilisha spaza kungekuwa aibu nyingine. Hapo ndipo nilipojua kwamba kimya nacho ni uongo, na kina gharama zake. Nilipovuka barabara kwenye robot, zile taa za barabarani, nilisikia watu wakizungumza pembeni yangu, na nilikuwa nimeanza kuelewa: bei ya umeme, binti aliyekataa kuolewa, mguu unaovimba. Mambo ya kawaida kabisa. Miezi yote hiyo nilikuwa nimeyaogopa maneno hayo kama yote yananihusu mimi.

Mwezi wa nane MaKhumalo alileta kazi. Wanawake wa kanisa lake walihitaji sare mpya, blauzi nyekundu zenye kola nyeupe, na fundi wao wa zamani alikuwa amehamia Durban. Mzee alikuwa na cherehani moja tu, ya chuma, na nyingine ya kuazima. Hakuna aliyeuliza tena kitenge. Akakaa siku mbili akifumua blauzi kuukuu ya MaKhumalo kuona ilivyokatwa, kisha akasema tutaweza. Lakini wanawake hapimi yeye. Ilibidi nipime mimi, nitaje kwa sauti, naye aandike, na wateja wale hawakutaka kusikia Kiingereza cha kubabaisha.

Wa kwanza alikuwa mama mnene mwenye miwani, mchangamfu, aliyevua koti na kusimama katikati ya duka kama anayepigwa picha. Nikazungusha futi shingoni pake. "Intamo," nikasema. Sauti yangu ilitoka kama ya mtu mwenye mafua. Mzee akaandika. "Ihlombe," bega. "Isifuba," kifua. Nikashuka mkononi, na nilipofika kiwikoni nikasimama. Neno nilikuwa nalijua. MaKhumalo alikuwa amelifundisha Jumapili moja pamoja na kidole na goti, bila kulitofautisha na mengine. Lakini nilikuwa nimelisikia kwanza kama neno la kuulia watu, na mdomo wangu ulikataa.

Yule mama akanitazama juu ya miwani. "Indololwane," akasema taratibu, akaacha mkono wake palepale ulipokuwa. "Mkono wa blauzi uishie chini yake kidogo, sipendi unaobana." Akangoja. Nikalisema. Mzee akaandika. Nilipopanda kwenda bega la pili akaongeza, kwa sauti ya kawaida, "Mume wangu ni Mvenda, si Mzulu. Naye walimwuliza neno hilo, kwenye treni ya kwenda kazini, mwezi wa tano. Amezaliwa nchi hii, na baba yake pia. Alilitaja vibaya kwa sababu ya hofu." Nikamwuliza, kwa Kizulu, sentensi yangu ya kwanza kwa mtu nisiyemjua, kama mumewe ni mzima. "Ni mzima," akasema. "Hataki tu kupanda treni." Tukamaliza vipimo. Blauzi yake ilikuwa ya kwanza kati ya thelathini na nne, na kufikia mwezi wa kumi duka lilikuwa limejaa wanawake wanaokaa hata baada ya kuchukua nguo zao, wakisema habari za wachungaji na za wakwe, na mimi nikisema nao.

Na spaza? Siku nyingi niliipita nikitafuta ujasiri, mpaka Jumamosi moja nikaingia nikasema, "Ngicela isinkwa," naomba mkate. Mama mwenye spaza alishika meza. Akaniuliza nimesema nini, nikarudia. Macho yakamjaa machozi. Akaniuliza ni kanisa gani limeniponya. Nilijaribu kumweleza ukweli, lakini Kizulu changu hakikutosha kwa maelezo marefu kama yale, na alikuwa na furaha mno. Nilimtajia kanisa la MaKhumalo. Miezi michache baadaye alikuwa amejiunga nalo, na mimi ndiye niliyemshonea blauzi.

Wakati huo faili letu lilikuwa linatembea. Tantine aliitwa kuhojiwa mwezi wa kumi na mbili, akaenda na gauni lake la kijivu. Mimi sikuitwa. Niliambiwa, au nilijiambia, kwamba nitaitwa baadaye kwa kuwa ni mtu mzima. Nikaanza kuogopa simu. Nilikuwa na duka, nilikuwa na Jumapili, MaKhumalo alikuwa ameniulizia nafasi ya kusomea kukata nguo jioni. Lakini Tantine ndiye aliyenilea, na wazo la yeye kushuka peke yake kwenye uwanja wa ndege wa nchi ya theluji nililiona kama dhambi. Nilikaa na maneno hayo mwezi wa kwanza na wa pili. Tulikula pamoja kila siku, bugali na sombe ya majani ya muhogo, tukaongelea chumvi na mvua. Mwezi wa tatu tukaletewa tarehe yake ya safari. Jumapili iliyofuata, alipokuwa anakoroga sufuria, nilisimama mlangoni.

"Tantine, nina neno."

"Sema."

"Wakiniita, sitaenda."

Hakuacha kukoroga. "Hawatakuita," akasema. "Walipiga simu mwezi wa kumi na moja kuuliza kama tuko wawili bado. Niliwaambia niko peke yangu. Niliwaambia binti yangu amepata maisha yake."

Nilikuwa nimejiandaa kwa machozi yake. Sikuwa nimejiandaa kwa hasira yangu mwenyewe. Nilikuja kukataa, nikakuta hakuna cha kukataa. Nikamwuliza kwa nini hakuniuliza.

"Ningekuuliza, ungesema unakuja. Ungekuja juu yangu, si juu yako." Akapunguza moto. "Siku moja nilipita kule dukani, nilikuwa natafuta uzi wa nywele. Nilisimama inje nikakusikia unacheka na wale wamama. Sikuelewa walisema nini. Lakini tangu tufike huku sijakusikia unacheka vile. Nikarudi nyumbani. Simu ilikuja wiki ile."

Sikusema naye siku nne. Katika jiko lile dogo siku nne ni nyingi. Tulipishana kama watu walio kwenye foleni tofauti. Mzee Ramadhani aliona, hakuuliza, ila siku ya tano aliniletea kitambaa cha pamba nzito akasema, "Kule ni baridi. Mshonee koti, mimi nitakata." Tukalishona kwa siku mbili, lenye bitana, na nilipomvalisha kulijaribu, mikono ikiwa mirefu kidogo, ndipo tulipoanza kuongea tena, juu ya mikono hiyo. Uwanja wa ndege tulikwenda wanne. MaKhumalo alimkumbatia muda mrefu. Tantine alinishika uso kwa viganja vyote viwili, akaniangalia kama anayesoma, akapita mlangoni bila kugeuka.

Miaka yote hii nimekuwa nikijiuliza kama alinipa kitu au alininyang'anya. Kuna siku nimekuwa na uhakika wa hili, kuna siku wa lile. Nilipata cheti changu, nikaolewa, nikafungua duka. Mzee Ramadhani aliileta familia yake mwaka 2011, na nilikuwapo alipomfundisha mkewe neno la yai. MaKhumalo ametangulia. Tantine alijifunza Kiingereza akiwa na miaka hamsini na mmoja, darasani, na watu kutoka nchi ambazo hakujua kuziandika, na siku hizi ananirekebisha ninapokosea.

Jumanne ile, chai ilipokwisha, nilitoka nikakaa kwenye ngazi za nyuma, nikampigia. Kule ilikuwa asubuhi. Nikamweleza mazishi yalivyokwenda, nani alisoma dua, watu walikuwa wangapi. Alilia kidogo, akasema Mzee alikuwa na moyo wa chuma kama cherehani yake. Kisha, sijui kwa nini siku hiyo, nikamwuliza nilichokuwa sijamwuliza kamwe. "Tantine, na kama ningetaka kwenda?"

Nilisikia kijiko kikizunguka kikombeni. "Walinipa mpaka mwisho wa mwezi wa pili kubadilisha," akasema. "Kila Jumapili nilikungoja useme. Kama ungesema unataka, Jumatatu ningepiga simu. Hukusema."

"Na wewe hukuuliza."

"Sikuuliza. Niliogopa utasema ndiyo. Na niliogopa utasema hapana. Yote mawili."

Nikamwambia hata mimi, miezi ile yote, niliogopa hayohayo mawili: kwenda, na kubaki bila yeye. Nikasikia anaweka kikombe chini, akavuta kiti, akakaa.